UZI: Nimebuni Wakamani, viumbe wa shaba wanaokopeshana dakika. Njooni mnikosoe kabla sijaanza riwaya

Bamvua (mleta uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Nina daftari limejaa michoro na nimechoka kulificha chini ya godoro. Nimebuni viumbe kwa ajili ya riwaya, nimewaita Wakamani; mmoja ni Mkamani. Wanaishi kwenye kisiwa cha kubuni huko pwani. Kwa vijana waliokulia kwenye simu: kamani ni ule utepe wa chuma uliojikunja ndani ya saa ya ufunguo. Ukiukaza, saa inatembea. Ukishalegea wote, saa inasimama.

Mkamani kimo chake ni kama cha mtoto wa darasa la tano. Mwili ni shaba, viungo ni magurudumu ya meno, uso hauna mdomo. Wanaongea kwa kugonga ulimi wa chuma ndani ya kifua, na ukiwazoea unaweza kumtambua mtu gizani kwa mdundo wake, kama sisi tunavyotambuana kwa kikohozi. Tundu la ufunguo liko mgongoni, katikati ya mabega, pale ambapo mkono wa mwenyewe haufiki hata ajipinde vipi. Hilo nimelifanya makusudi. Hakuna Mkamani anayeweza kuishi peke yake. Ndoa kwao ni kubadilishana funguo. Ndoa ikivunjika, kila mmoja anarudishiwa ufunguo wake mbele ya wazee, na kuanzia hapo ana saa kama thelathini hivi za kutafuta mkono mwingine wa kumkaza.

Uchawi wao ni huu: Mkamani anaweza kutoa dakika kwenye kamani yake akampa mwingine, hata binadamu. Aliyepewa anapata dakika ambayo wenzake hawana; dunia inamsubiri amalize jambo lake. Aliyetoa anapungukiwa. Dakika haitengenezwi, inahama tu. Na siku mpya ikianza, saa sita usiku, madeni yote yanahesabiwa upya.

Nilipokwama ni hapa: je, wawe na uwezo wa kurudisha wakati nyuma? Nikiwapa, hadithi inakufa, maana kila kosa litafutwa. Nikiwanyima, wasomaji watasema uchawi gani huu wa wakati usioweza hata kumrudisha marehemu mezani.

Nipigeni bila huruma.

Wa_Mbagala

Nimekaa siti ya mbele na karanga zangu. Swali dogo tu kabla wajuvi hawajafika: kama hakuna anayeweza kujitia ufunguo, wa kwanza alitiwa na nani?

Bamvua

Mkuu, chenga mapema hivi? Sijui. Nitarudi hapo.

Kidole_Gumba

Mimi nitasema ukweli. Hizi ni roboti umezivalisha kanzu. Mashine zenye roho ni mambo ya Wazungu. Andika majini, andika mizimu, vitu ambavyo bibi yangu akisomewa anatikisa kichwa.

Binti_Giya

Wazungu wapi, Kidole?

Mwaka 1206 al-Jazari, fundi wa watawala wa Diyarbakir (leo iko Uturuki), alimaliza kitabu cha mashine zake. Mojawapo ni saa ya tembo. Ndani ya tumbo la tembo kuna tangi la maji, na juu ya maji linaelea bakuli lenye tundu dogo. Maji yanaingia taratibu, bakuli linazama baada ya nusu saa, linavuta kamba, tufe linadondoka mdomoni mwa nyoka, nyoka anainama kwa uzito, mwendesha tembo anapiga. Nyoka anaporudi juu anaibua bakuli na kazi inaanza upya. Tembo wa India, nyoka wa China, maji kwa hesabu za Wayunani, na wote wanashika majira pamoja.

Na kabla yake sana, ndani ya meli iliyozama karibu na kisiwa cha Antikythera huko Ugiriki, wapiga mbizi wa sponji waliibua donge la shaba lililoliwa na kutu. Hiyo ilikuwa 1901. Kumbe ni mashine ya kukokotoa mwendo wa jua na mwezi na kutabiri kupatwa kwake, ina miaka zaidi ya elfu mbili, na magurudumu 30 bado yanaonekana.

Ukitaka Wazungu nao wapo. Kule Neuchâtel, Uswisi, kuna mtoto wa bandia aliyeundwa na mafundi wa saa akina Jaquet-Droz kati ya 1768 na 1774. Anachovya kalamu kwenye wino, anaikung'uta, anaandika herufi moja moja, na macho yanafuata kalamu. Unaweza kumpangia maneno yenye herufi mpaka 40. Bado anafanya kazi.

Kwa hiyo Bamvua, usiombe radhi kwa shaba yako. Ila shaba ina tabia zake na lazima uzijue. Kamani iliyotoka kukazwa inasukuma kwa nguvu, iliyokaribia kuisha inasukuma kwa unyonge. Mafundi wa zamani waliweka koni yenye mfereji wa kuzunguka na mnyororo mwembamba juu yake: kamani ikiwa na nguvu mnyororo unavuta upande mwembamba, ikichoka unavuta upande mnene, na mwendo unabaki sawa. Mimi ningesema watoto wa Kikamani hawana hiyo koni. Asubuhi wanakimbia ukutani, jioni wanakokota miguu. Siku ukifungwa koni ndiyo siku umeingia jandoni.

Bamvua

Nimelinakili hilo neno kwa neno. Sura ya tatu imepata kichwa.

Njombe_Baridi

Wanapaka mafuta gani? Maana umesema wanaishi pwani, bila shaka ni mafuta ya nazi. Sasa mlete huyo Mkamani wako huku kwetu mwezi wa saba. Mafuta ya nazi chini ya nyuzi 24 hivi yanaganda yanakuwa kama mshumaa. Huku chupa tunaitia kwenye maji ya moto ndipo tupake. Atafika stendi ya Njombe, atateremka kwenye basi mguu mmoja, wa pili utabaki hewani mpaka jua la saa tano.

Wa_Mbagala

Mbavu zangu jamani 😂 abiria watadhani ni sanamu ya mtu maarufu.

Binti_Giya

Unacheka lakini ni hoja nzito. Na joto nalo lina yake. Ule utepe mwembamba wa chuma unaopima mwendo wa saa, si kamani, ukipata joto unalegea kidogo, saa inachelewa. Kwa hiyo mchana wa kaskazi, mwezi wa kwanza, wa pili, Wakamani wote wa pwani wanachelewa pamoja na hakuna anayejua. Anayekuja kutoka milimani ndiye anayeonekana ana haraka isiyo na adabu.

Nahodha_Mstaafu

Assalaam alaykum nyote. Mwanangu Bamvua, kazi yako nimeisoma mara mbili, nimeipenda, ila umeniudhi mahali pamoja.

Siku inaanzaje saa sita usiku? Nani aliyekaa macho akaiona ikianza? Sisi tulilelewa kwamba jua likizama siku imekwisha na nyingine imeingia. Usiku hutangulia, mchana hufuata. Ndiyo maana tunasema usiku wa kuamkia Ijumaa. Na saa zetu ni mikururo miwili ya kumi na mbili, mmoja wa mchana, mmoja wa usiku. Jua limechomoza, saa moja baadaye ni saa moja. Mtoto hahitaji kufundishwa. Huku kwetu karibu na ikweta jua halituchezei kama kule kaskazini, kwa hiyo hesabu inakaa mwaka mzima.

Sasa wewe umewaumba watu wa pwani, wanapaka nazi, halafu madeni yao wanayafunga kwa saa ya ofisini. Wape nyuso mbili: moja kifuani ya mchana, moja mgongoni ya usiku. Akrabu za uso mmoja zikifika kumi na mbili, zinalala, na za upande wa pili zinaamka. Magharibi ndipo mahesabu yafanyike. Hapo taa zinawashwa, watu wamerudi, kila mtu yuko barazani anamwona mwenzake. Deni la usiku wa manane ni la wezi.

Halafu kuna jambo la Nairuzi, mwaka mpya wa watu wa pwani. Wazee wa majahazi mwaka wao ulikuwa wa siku 365 bila nyongeza. Waliukata miongo 36, kila mwongo siku kumi, zikabaki siku tano zisizo na mwongo. Hizo zinaitwa gatha. Makunduchi mpaka leo mwaka huo unakogwa, mwezi wa saba. Wanaume wanapigana kwa vigogo vya migomba na kibanda cha makuti kinatiwa moto. Hizo siku tano wape Wakamani. Siku ambazo haziko ndani ya hesabu, dakika inayokopwa humo inaandikwa wapi?

Bamvua

Shikamoo mzee wangu. Nimefuta saa sita usiku na sitaiandika tena. Uso wa mgongoni umenipa na jambo jingine: tundu la ufunguo liko katikati ya uso wa usiku. Kwa hiyo anayekutia ufunguo ndiye pekee anayeona usiku wako umebaki kiasi gani. Wewe mwenyewe hujui.

Nahodha_Mstaafu

Marahaba. Hapo sasa umenitisha, na ni vizuri.

Nairobi_Usiku

Niaje wadau. Nawaletea kitu kutoka huku. Wakati wa ukoloni kuna kipindi saa za Kenya zilikuwa mbele ya Greenwich kwa masaa mawili na dakika 45. Ndiyo, masaa matatu kasoro robo. Baadaye zikasogezwa zikawa masaa matatu kamili kama tulivyo sasa. Maana yake siku moja watu walisukuma mishale mbele dakika kumi na tano, na hiyo robo saa hakuna mtu aliyeiishi. Mimi nikiwa Mkamani, ningekuwa nimejificha pale posta na gunia.

Binti_Giya

Hii ya gunia ichukueni kwa uzito. Jua linatumia dakika nne kuvuka nyuzi moja ya ramani. Dar na Kigoma zinatengana karibu nyuzi kumi, kwa hiyo jua la Kigoma linachomoza dakika kama arobaini baada ya la Dar, ingawa saa za ukutani zinasema sawasawa. Sisi tumekubaliana kulifumbia macho hilo. Wakamani hawawezi, maana wanakazwa jua linapochomoza pale walipo. Mkamani akisafiri kutoka magharibi kwenda mashariki anafika na dakika arobaini za kwao ambazo wenyeji wameshazitumia. Huo ni magendo kamili. Tayari una forodha, una walanguzi, una afisa wa kupekua vifua.

Kidole_Gumba

Sawa, nimenyoosha mikono. Nina wazo. Zanzibar, 27 Agosti 1896. Makataa ya Waingereza yaliisha saa tatu kamili asubuhi, mizinga ikaanza saa tatu na dakika mbili. Vita ikadumu dakika 38 kwa hesabu inayotajwa sana. Hizo dakika mbili za katikati zilitoka wapi? Mkamani mmoja ikuluni alizitoa!

Nahodha_Mstaafu

Kidole, taratibu. Upande wa ikulu watu wapatao mia tano waliuawa au kujeruhiwa katika hizo dakika unazozihesabu. Mnara uliokuwa mbele ya Beit al-Ajaib, lile jumba la masultani, uliharibiwa, wakajenga mwingine wenye saa, nao uliporomoka Desemba 2020 ukaondoka na roho za watu wawili. Kuna wakati si wa kuchezea. Bamvua abaki kwenye kisiwa chake cha kubuni.

Kidole_Gumba

Nimekosa mzee, nisamehe.

Bamvua

Kisiwa ni cha kubuni, mzee, na kitabaki hivyo. Ila wazo la mtu kutoa dakika mbili za mwisho watu wapate kushuka ngazi, hilo nitalihamishia huko kimyakimya.

Sasa turudi kwenye swali langu. Kurudi nyuma, ndiyo au hapana?

Njombe_Baridi

Wape, lakini mara moja tu maishani.

Nairobi_Usiku

Wanyime. Mtu akiweza kurudi hata mara moja, msomaji ataanza kuuliza kwa nini hakurudi ukurasa wa kumi na mbili.

Binti_Giya

Usiamue kwa kupiga kura. Fungua saa uangalie.

Bamvua

Binti_Giya, umenikumbusha kitu ambacho sikukitilia maanani miaka yote hii.

Nilikuwa kidato cha pili, Tanga. Saa ya ukutani ya babu ilikuwa haishiki majira, nikatumwa nayo kwa fundi. Mzee mmoja mwenye meza na sanduku la kioo barazani mwa duka la vitambaa. Lile kioo lake la kukuzia vitu alilibana jichoni kwa nyama ya uso tu, bila mkono. Akafungua mgongo wa saa, akaniita nisogee. Akanionyesha gurudumu lenye meno yaliyolalia upande mmoja, na juu yake kijiulimi kidogo kilichokaa kati ya jino na jino. Akatia ufunguo: krr, krr, krr. Ile sauti niliyoisikia tangu nikiwa mtoto kumbe ni hicho kijiulimi kinaruka jino moja, kinatua, kinaruka jingine. Kwenda kinaruhusu, kurudi kinazuia.

Alitaka kuilegeza kamani yote ndipo aitoe. Akaushika ufunguo kwa mkono wa kulia, akakinyanyua kijiulimi kwa ncha ya bisibisi, aurudishe polepole. Mpita njia akamsalimia. Ufunguo ukamponyoka. Ulizunguka kinyume kwa kasi ambayo sikuiona, nilisikia tu mlio kama wa nyuki, ukampiga kidole gumba na ukucha ukapasuka. Kamani ilikatika. Yeye akatia kidole mdomoni, akaitikia salamu, akaniambia nikamletee chai ya rangi kwa mama wa pembeni. Alipoletewa kikombe cha pili ndipo akasema saa ya babu itahitaji kamani mpya, na hiyo juu yake mwenyewe.

Kwa hiyo jibu ninalo tangu kidato cha pili. Wakati unaweza kurudi. Kijiulimi kinanyanyuliwa. Lakini hakirudi jino moja, linarudi gurudumu zima mpaka kamani iishe, na aliyeshika ufunguo anaumia, na aliyerudishwa kamani yake inakatika. Na kwa kuwa tundu liko mgongoni, huwezi kujifanyia. Lazima umwombe mtu anayekupenda kiasi cha kukukaza kila siku akubali kukukata.

Wa_Mbagala

Nimeweka karanga chini.

Binti_Giya

Hapo sina marekebisho. Uliza tu: anarudi mpaka lini?

Bamvua

Mpaka alipokazwa mara ya mwisho. Kama ni asubuhi ya leo, basi asubuhi ya leo. Ndiyo maana anayetaka kurudi mbali inabidi asikazwe muda mrefu, atembee na kamani inayokaribia kuisha, kila mtu barazani akimsikia mdundo unalegea. Wanajua anachokipanga na adabu inawakataza kuuliza.

Njombe_Baridi

Na aliyesimama tu, kamani haijakatika ila imelegea yote, huyo amekufa?

Bamvua

Hapana, "amesimama". Neno la kufa wameliweka kwa aliyekatika. Aliyesimama unaweza kumkaza hata baada ya miaka mia, ataendelea na sentensi aliyoiacha katikati. Wana chumba cha waliosimama, msikitini hivi au kama ghala, sijaamua. Kila Mkamani anayeingia anakuta mtu mmoja ameinua kidole anataka kusema jambo.

Kidole_Gumba

Kwa nini wasiwakaze wote?

Bamvua

Kwa sababu ukimkaza mtu umeushika ufunguo wake, na ukiushika unamkaza kesho na keshokutwa. Nani ana mikono hiyo yote.

Nahodha_Mstaafu

Chumba hicho kiwe na mlango upande wa bahari. Waliosimama wapate hewa ya kusi.

Wa_Mbagala

Wakuu, naomba nikumbushe. Mchango wa pili kwenye uzi huu. Swali langu. WA KWANZA ALITIWA UFUNGUO NA NANI? Mmezungumza tembo, nazi, Kigoma, mmenikalia kimya.

Nairobi_Usiku

Mungu?

Bamvua

Sitaki iwe rahisi hivyo. Nilifikiria wawili wa kwanza wakazane, lakini mmoja lazima atangulie, na aliyetangulia ametiwa na nani? Kurudi nyuma hakusaidii, tumeshasema kamani inakatika.

Wa_Mbagala

Mimi si mjuvi wa shaba, nauza vocha na maji ya kunywa. Lakini hesabu ya siku naijua maana ndiyo ya kulipia mzigo. Jumamosi ni mosi. Jumapili ni pili. Jumatatu, Jumanne, Jumatano: tano. Inayofuata ingekuwa Jumasita, sivyo? Sisi tunasema Alhamisi. Na hamsi Kiarabu ni ngapi?

Binti_Giya

Tano.

Wa_Mbagala

Tano. Waarabu wanaanza kuhesabu Jumapili, sisi Jumamosi, tukachanganya, wiki yetu ikapata siku ya tano mara mbili. Kila wiki, tangu enzi za mababu, na hakuna aliyeshtuka. Kwa hiyo weka hivi: Mkamani wa kwanza alikazwa Jumatano na mwenzake. Mwenzake naye alikazwa Alhamisi na huyo wa kwanza. Kila mmoja alikazwa siku ya tano. Siku moja. Hakuna aliyetangulia na hakuna aliyerudi nyuma.

Nahodha_Mstaafu

Laa haula.

Binti_Giya

Nimesoma mara nne natafuta tundu, sioni.

Bamvua

Nimesimama hapa nje ya nyumba nimeshika simu, chakula kinapoa. Mkuu wa Mbagala, ukurasa wa kwanza wa riwaya ni wako. Nikudai au unidai?

Wa_Mbagala

Nidai chochote siku ya tano. Nitakulipa siku ya tano.